Bruda Futi, Fundi wa Miguu

Mtumishi huyu wa Mungu alikuja duniani kwa kutanguliza miguu. Ilikuwa Jumamosi ya juma la kwanza la Majilio, saa nne asubuhi, katika chumba cha nyuma cha duka la kushona viatu, na mkunga aliyeitwa mbiombio alitokwa na jasho jembamba kabla ya kumpokea salama. Alipokwisha kumfunga kitovu alimwambia mama mzazi, "Huyu wako ana safari, hata kichwa chake hakukingoja." Baba yake ndiye aliyekuwa fundi wa duka lile, mtu wa maneno machache aliyeshinda na misumari midogo baina ya midomo yake, na huenda misumari hiyo ndiyo iliyokuwa sababu ya uchache wa maneno. Mama yake alishona mashuka ya hospitali kwa cherehani ya kukanyaga. Mtoto huyo alikuwa wa tatu kati ya watano. Alibatizwa siku ya nane kwa jina ambalo karibu kila mtu alikuja kulisahau, kwa kuwa watu walimpa jingine utu uzimani, nalo likamfuata mpaka kaburini: Bruda Futi.

Alikulia katika harufu ya gundi na ngozi mbichi. Kabla hajajua herufi, baba yake alimfundisha kusoma soli. Alimwekea viatu vya wateja juu ya meza na kumwonyesha kwa kidole: huyu anaburuta guu la kushoto, huyu anabeba mizigo mizito, huyu ana wasiwasi, anatembelea vidole. Mtoto akawa bingwa wa mambo hayo kiasi kwamba aliweza kumtambua jirani kwa mlio wa hatua zake kabla hajafika kizingitini. Shuleni hakuwa wa kwanza wala wa mwisho. Kanisani alipenda kukaa karibu na mlango, si kwa ajili ya kutoroka, bali kwa sababu pale aliona watu wakiingia.

Alipokuwa na miaka kumi na mmoja, shangazi yake, dada mkubwa wa baba, alikatwa mguu wa kulia chini ya goti kwa sababu ya kisukari. Alikuwa mwanamke wa soko, muuza vitambaa, mwenye mdomo mwepesi na kicheko cha kusikika mtaa wa pili. Walimleta kukaa kwao, akawekewa mkeka sebuleni, na watoto wakazoea kumruka wanapopita. Kila Jumapili familia ilipokuwa ikitoka kwenda kanisani, shangazi alisema, "Niombeeni na mimi," kisha akageukia ukuta. Jumapili moja kijana alirudi mbio kuchukua kitabu cha nyimbo alichokisahau. Alimkuta shangazi amevaa gauni lake la sikukuu, amejifunga kilemba, ameketi peke yake mkekani akiimba wimbo wa kuingilia misa kwa sauti ya chini. Hakuna aliyemvalisha, na hakuna aliyejua kwamba alikuwa akijipamba hivyo kila juma. Kijana alichukua kitabu akatoka.

Kwa majuma manne alijifungia nyuma ya duka na mguu wa meza iliyovunjika, mikanda miwili ya zamani, na sifongo aliyoichomoa kwenye kiti. Baba alimwona, akamwachia juu ya benchi tupa yake nzuri ya kusugulia mbao. Jumapili ya tano shangazi alitoka mlangoni akiwa katikati ya wapwa zake wawili, akaenda hatua kwa hatua mpaka kanisani, akakaa benchi la tatu kutoka mbele. Waliporudi nyumbani alifungua mikanda, na kigutu chake kilikuwa chekundu kama pilipili. Alikaa siku ishirini bila kuuvaa tena ule mguu. Akamwita kijana, akamshika sikio kwa mapenzi, akamwambia, "Umenipa jipu, mwanangu. Lakini nimekaa kwenye benchi kama watu. Sasa nitengenezee usiouma." Miaka mingi baadaye, alipoulizwa na wanovisi, wale wanaoanza maisha ya kitawa, aliusikia vipi wito wa Mungu, Bruda alijibu kwamba aliusikia kwa sauti ya shangazi akilalamika.

Alipotimiza miaka kumi na tisa aliingia katika shirika la mabruda wahudumu wa wagonjwa. Hakung'ara huko. Mlezi wa wanovisi aliandika katika taarifa yake ya mwaka maneno yaliyohifadhiwa hadi leo: "Haimbi, ananguruma. Husoma polepole. Milango yote ya nyumba sasa inafungika." Kwa ajili ya hiyo milango, wakubwa walimtuma kujifunza kazi ya viungo bandia katika hospitali kubwa, chini ya bruda mzee aliyetoka ng'ambo, ambaye hakujua lugha ya wenyeji zaidi ya salamu. Walielewana kwa penseli. Mzee alichora, kijana akachonga, mzee akafuta na kuchora tena. Baada ya miaka minne mzee aliandika cheti cha sentensi moja tu, kwamba mwanafunzi wake hajawahi kumaliza mguu bila kumtazama usoni aliyeuvaa. Akiwa na miaka ishirini na sita aliweka nadhiri za daima, na mwezi uliofuata akapelekwa kwenye hospitali ya shirika karibu na mpaka, mahali ambapo vita vilikuwa vimekwisha lakini mabomu yalikuwa bado yamelala ardhini mashambani.

Karakana yake ilikuwa vyumba viwili vya bati vilivyokuwa stoo ya vitanda. Aliweka benchi moja, jiriwa moja ya kubania vitu, pipa la plasta ya kuchukulia maumbo ya vigutu, na kigoda kifupi. Kigoda kilikuwa chake; mgonjwa alipewa kiti. Shingoni, mahali ambapo mabruda wengine walining'iniza msalaba, yeye alining'iniza futi ya kupimia pamoja na msalaba, vikawa vinagongana akitembea, na wagonjwa wakampa jina. Hakumuuliza mtu amepotezaje mguu. Alisema hilo mtu ameshalisimulia kwa kila daktari na kila jamaa mpaka limemchosha. Swali lake la kwanza lilikuwa, "Unataka kwenda wapi?" Fundi wa kuezeka akajibu, juu ya paa. Mama mmoja akajibu, kisimani na kurudi, na ndoo mkononi. Mzee mmoja alisita, akatazama kando, kisha akasema, "Chooni, Bruda. Peke yangu." Kila mmoja alipata mguu kulingana na safari yake, na ule wa mzee ulimchukua Bruda muda mrefu kuliko yote, kwa sababu ulitakiwa ukunjike mpaka mtu achuchumae.

Katika mwaka wa sita wa utume wake, lilifika kontena kutoka ng'ambo. Jumuiya moja ya Wakristo wa huko, watu wema kwelikweli, walikuwa wamekusanya miguu bandia ya marehemu wao na ya waliobadilishiwa, wakaisafirisha kwa meli. Ilikuwa miguu mia nne na kumi na miwili, mingi ikiwa bado imevaa soksi. Nyumba nzima ya mabruda ilimshukuru Mungu kwa wimbo. Bruda Futi aliimba nao, kwa kunguruma, kisha akavua futi yake shingoni akaanza kupima. Alipima kwa siku tisa. Miguu iliyoweza kumfaa mtu yeyote aliyekuwa kwenye orodha yake ilikuwa kumi na mmoja. Mingine ilikuwa mirefu, mizito, na visigino vyake vilitengenezwa kwa ajili ya sakafu na zulia. Kwenye tope vingekatika kabla ya mwezi kuisha.

Aliomba ruhusa ya kuwaandikia wafadhili. Bruda Mkuu wa nyumba, mtu mwenye moyo mpana lakini mwoga wa barua, alikunja uso. "Watu wamejinyima, wamekusanya, wamesafirisha. Wewe unataka tuwaambie haifai?"

"Nataka tuwaambie kwamba tunawaheshimu, Bruda Mkuu. Tukiwasifu tu, mwakani wataleta mingine mia nne, na sisi tutajenga stoo badala ya kutengeneza miguu."

Bruda Mkuu akamsogezea wino. Barua ile ilikuwa ya kurasa mbili. Ilianza kwa shukrani ndefu, ikaeleza vipimo vyote, ikaomba jambo moja: isitumwe miguu, atumwe mtu aje atazame. Aliandika pia barua ya pili, fupi, kwa mjane mmoja ambaye ndani ya soksi ya mguu mmojawapo alikuwa ameweka kikaratasi kinachosema kwamba mume wake alitembea nao bustanini miaka tisa. Bruda alimjibu kwamba mguu wa mumewe haukumpata mtu wa kimo chake, ila bawaba ya goti imewekwa katika mguu wa fundi bati, na skrubu nne katika mguu wa mama wa mapacha, na wote wawili wanatembea. Mjane huyo aliendelea kumwandikia kila Pasaka mpaka alipofariki.

Baada ya miezi mitatu alishuka kwenye lori mwanamke mrefu mwenye begi moja. Alikuwa mhandisi, mtu wa dhehebu lisilofanya ishara ya msalaba, na kila asubuhi kabla ya kuchora alifumba macho kwa kitambo akiwa amesimama. Bruda naye alisimama kando yake akifanya sala yake, na hakuna aliyemsahihisha mwenzake. Juma la kwanza Mhandisi hakugusa kifaa. Alitazama tu watu wanavyokaa, wanavyoinama, wanavyoinuka kutoka chini na mtoto mgongoni. Siku ya tano alijaribu kuchuchumaa kama wao, akapoteza mizani, akakaa kitako ndani ya ndoo ya plasta. Wagonjwa walicheka mpaka wengine wakashika mbavu, kisha watatu wenye mguu mmoja mmoja wakainuka kumvuta. Tangu siku hiyo hakuwa mgeni tena.

Wawili hao walitengeneza mguu mpya kwa vitu vilivyopatikana mtaani: mabomba ya maji ya plastiki yaliyolainishwa kwa moto, na raba ya matairi makuukuu kwa ajili ya nyayo. Kwa kuwa hawakuwa na tanuri, waliazima la masista waoka mikate wa jirani, mpaka sista mpishi alipokuja mwenyewe karakanani na kusema kwa upole, "Bruda, tunaipenda kazi yako. Lakini mikate yetu sasa ina harufu ya goti." Walijenga tanuri lao. Mguu uliotoka humo ulikuwa mwepesi, ulikunjika hadi chini, ulistahimili tope, na fundi yeyote aliyeweza kukunja bomba aliweza kuutengeneza. Ile jumuiya ya ng'ambo ilifurahi, ikaacha kusafirisha miguu, ikaanza kuleta mashine za kushonea ngozi, plasta na walimu, na kazi ikasambaa katika hospitali nyingine saba, tatu kati yake nje ya mipaka ya nchi.

Basi jaribu lilikuja kutoka mahali lisipotazamiwa. Uongozi wa jumuiya hiyo ulibadilika, na viongozi wapya, ambao hatuna sababu ya kuwadhania ubaya, walitaka kuona matunda ya kiroho ya misaada yao. Wakaleta fomu. Katika fomu hiyo, baada ya jina na umri, palikuwa na nafasi ya kuandika dini ya mhusika, na pembeni yake nafasi ya kuandika ameshiriki ibada mara ngapi tangu apokee msaada. Bruda Futi alizijaza fomu kwa miezi sita, kwa mwandiko wake wa polepole, na kuzituma. Mwezi wa saba mratibu wa jumuiya alifika na bahasha kubwa. Alikuwa mtu wa makamo, nadhifu, mwenye adabu. Aliitandaza fomu moja juu ya benchi, kati ya randa na misumeno.

"Bruda, hapa kwenye dini umeandika thelathini na nne."

"Ndiyo. Sentimita."

"Sentimita za nini?"

"Kutoka gotini mpaka chini. Yule bwana ni mfupi."

Mratibu alijitahidi asicheke, akashindwa. Kisha akapangusa macho na kusema kwa upole kwamba jambo lenyewe si la mzaha. Wafadhili wanataka kujua kama Habari Njema inawafikia watu, na hawaoni kosa katika kuuliza.

"Si kosa kuuliza," alisema Bruda. "Lakini mimi nikimuuliza mtu dini yake huku nimeshika mguu wake mkononi, atanijibu anachodhani nataka kusikia. Hapo nitakuwa sijapata imani yake, nimepata njaa yake ya kutembea. Niliona nafasi iko wazi, nikaandika kitu ninachokihitaji kweli."

Mratibu aliondoka akiwa na huzuni, kwa kuwa alikuwa amempenda. Baada ya majuma matatu ilikuja barua: misaada yote imesimamishwa mpaka fomu zitakapojazwa ipasavyo. Wakati huo karakana ilikuwa na watu sitini kwenye orodha ya kungoja, wengine wakilala kwenye baraza ya hospitali na familia zao. Bruda Mkuu alimwita ofisini, na kwa mara ya kwanza akatumia mamlaka ya nadhiri ya utii. Alimwagiza azijaze.

Bruda Futi alikuwa mtu mbishi kazini, lakini katika maisha yake yote ya kitawa hakuwahi kuvunja utii, na hapo aliona mambo mawili aliyomwahidi Mungu, utii na kuwahudumia wagonjwa, yakivutana kama kamba. Mwishowe akasema, "Nimesikia, Bruda Mkuu, nitatii. Naomba kitu kimoja. Wa kwanza umuulize wewe, mimi nikae kando nijifunze namna ya kuuliza."

Lilikuwa ombi la haki. Jumatatu asubuhi Bruda Mkuu aliketi mlangoni mwa karakana na fomu na kalamu. Wa kwanza kwenye foleni alikuwa mwalimu wa madrasa aliyesafiri siku mbili juu ya lori la saruji. Bomu lilimkuta akienda shambani. Walisalimiana vizuri, wakaulizana habari za safari na za watoto, jina likaandikwa, umri ukaandikwa. Kisha kalamu ikasimama hewani. Mwalimu alikuwa mtu wa kusoma. Aliitazama ile fomu kutoka upande wa pili, akaisoma kichwa chini miguu juu, akaelewa. Akajiweka sawa kwenye kiti. "Andika lolote litakalowasaidia, Bruda," alisema bila uchungu wowote. "Mimi nina wanafunzi arobaini wanaonitazama nikiwa nimekaa chini. Nataka kusimama mbele yao. Mungu ananijua mimi ni nani."

Bruda Mkuu, mtu yule mwoga wa barua, aliisogeza kalamu mpaka kwenye nafasi ya dini, akaiacha hapo, kisha akageuza shingo na kuita ndani, "Bruda Futi, njoo na hicho kitu chako. Huyu bwana ana sentimita ngapi?" Zilikuwa thelathini na sita. Bruda Mkuu aliziandika mwenyewe, akaweka sahihi yake chini, na hakuzungumzia tena agizo lake.

Miezi kumi na minne iliyofuata ilikuwa ya dhiki, lakini waliokuwepo huisimulia kwa kutabasamu. Mwalimu alirudi kwao akitembea, na Ijumaa ya kwanza akaombwa aeleze msikitini alipopata mguu ule. Lori la saruji lililompeleka likarudi na vipande vya mabomba na matairi yaliyofungwa kwa kamba. Akina mama wa kanisa jirani la kiprotestanti walikuja na magunia ya vitambaa vya pamba vya kufungia vigutu. Waziba pancha wa stendi ya mabasi wakawa wanatenga raba nzuri. Mwalimu mwenyewe alikuja likizo ya shule akakaa mwezi mzima, akikata mabomba na kupanga foleni kwa sauti ya darasani ambayo hakuna aliyethubutu kuibishia. Kwa namna hiyo watu ambao kwa miaka walipitana njiani kwa salamu tu walijikuta wakilaumiana juu ya ukali wa tupa, na upatanisho ambao mikutano mingi ilikuwa imeshindwa kuuleta ulianza kuonekana pale, bila ya mtu kuutangaza.

Huko ng'ambo, Mhandisi hakukaa kimya. Katika mkutano mkuu wa jumuiya yao alisimama akaomba kusoma fomu kumi na mbili, jina, umri na zile sentimita. Inasemekana ukumbi ulicheka kwa tatu za kwanza, na kufikia ya kumi na mbili hapakuwa na kicheko tena. Kisha akaeleza karakana ile sasa inasimama kwa mikono ya nani. Walipiga kura siku iyo hiyo. Misaada ilirudi, na fomu mpya, zilizotumika tangu hapo katika nchi zote walizofanya kazi, hazikuwa na nafasi ya dini. Mahali pake paliandikwa: "Unataka kwenda wapi?" Mratibu yule yule ndiye aliyezileta, akiwa ameshika bahasha kwa mikono miwili. Bruda alimkaribisha chai, akampa pia randa ashike kazi.

Lakini haifai kuficha kwamba jaribu lililomshinda Bruda kwa muda halikutoka kwa mtu mwingine. Lilitoka moyoni mwake. Miaka mingi nyuma alikuwa amekuja mwanamke muuza mkaa aliyekatika mguu wa kushoto. Alipewa mguu, akarudi kulalamika kuhusu kisigino. Kikapunguzwa, akarudi. Mara ya nne Bruda alimkabidhi tupa na kumwambia, "Basi tengeneza mwenyewe." Akakitengeneza, na kikawa bora kuliko cha Bruda. Hakuondoka tena. Watu walimwita Kisigino, naye akawa fundi wa pili wa karakana, kisha mwalimu wa mafundi. Bruda alipofika miaka sitini na mitatu mikono yake ilianza kutetemeka. Alikabidhi benchi kwa Kisigino mbele ya mabruda wote, kwa maneno mazuri. Ila alfajiri, kabla ya masifu, sala ya asubuhi ya watawa, alikuwa akipenya karakanani na kuirekebisha miguu aliyoimaliza Kisigino, huku kaongeza ribiti, msumari wa kubania, huku kasogeza mkanda.

Kisigino alivumilia mwezi mzima. Kisha asubuhi moja alimsubiri na mguu mkononi. "Bruda, huu niliumaliza jana. Leo una tundu jipya."

"Nilikuwa nausaidia kidogo."

"Mwenyewe ameuvaa akaanguka. Yuko wodini, ameumia bega." Alisema hayo bila kupandisha sauti. "Bruda, umenifundisha miaka ishirini. Kama sijajua, sema. Kama najua, niache."

Bruda alikwenda wodini akamwomba radhi yule mgonjwa. Jioni, wakati mafundi wote wakifagia, alipiga magoti juu ya maranda mbele ya Kisigino na kuungama kosa lake kwa sauti ya kusikika, kwamba alipenda kazi ya Mungu kiasi cha kutaka iwe yake. Kisigino alimwambia ainuke, kwa kuwa yeye hawezi kupiga magoti haraka hivyo na shingo yake inachoka kumwinamia. Wakacheka wote wawili. Bruda akampa ufunguo aliokuwa amebaki nao mfukoni.

Miaka minane ya mwisho ilikuwa ya furaha tele. Aliketi kila siku kando ya vyuma ambavyo watu hujifunzia kutembea, akisikiliza hatua zao kama alivyofundishwa utotoni, na akiweza kusema bila kutazama nani anaegemea wapi. Alijifunza kuimba kidogo. Aliwaona mafundi kutoka nchi nane wakija kusoma kwa Kisigino, wengine wakiwa wametumwa na makanisa, wengine na misikiti, wengine na serikali zao, na alipotambulishwa kwao kama mwanzilishi alikuwa akiwaonyesha picha ya shangazi yake iliyobandikwa ukutani, akasema mlalamikaji mkuu ndiye yule. Alhamisi ya juma la pili la Pasaka, akiwa na miaka sabini na mmoja, alilala bila maumivu katika chumba cha wagonjwa kilichopakana na vile vyuma. Dirisha lilikuwa wazi. Nje mama mmoja alikuwa akihesabu hatua zake za kwanza kwa sauti, na hesabu ilikuwa inakimbia. Bruda alisikiliza, akasema, "Apunguze haraka, goti litamfuata." Hakusema tena. Ilikuwa saa tano asubuhi.

Jimbo lilikodi basi la kuwapeleka waombolezaji makaburini, mwendo wa kilomita tatu. Hakuna aliyelipanda. Walikwenda kwa miguu, zaidi ya mia sita kati yao wakiwa juu ya mabomba na matairi, na dereva akawafuata nyuma kwa gia ya kwanza mwanzo hadi mwisho, akilalamika kwamba injini inachemka, kisha akaliegesha basi kando ya barabara na yeye akashuka kutembea nao.

Tangu hapo waamini wamesimulia mambo mengi, nasi tunayaandika hapa bila kutangulia hukumu ya Kanisa. Mama mshonaji ambaye kidonda cha kigutu chake kilikataa kupona kwa mwaka mzima alisali novena kwenye kaburi lake, na siku ya tisa daktari alikikuta kimefunga. Daktari huyo ameandika ushuhuda wake. Mtunza stoo ameapa kwamba pipa la plasta lililokuwa la mwezi mmoja lilitumika miezi yote kumi na minne ya dhiki bila kuisha. Kisigino, akiulizwa juu ya pipa, hutabasamu na kusema kwamba yeye aliwaona zaidi ya mara moja watu wakiingia stoo na mifuko iliyojaa na kutoka na mifuko mitupu, lakini kwamba hilo nalo halimpunguzii Mungu kitu.

Askofu alipofungua uchunguzi wa maisha yake, shahidi wa kumi na tisa alikuwa mwalimu wa madrasa, mzee sasa, mwenye mguu wake wa tano. Walimuuliza kama Bruda aliwahi kumwalika aingie katika dini yake. Alijibu, "Hapana. Aliwahi kunialika nishike upande wa pili wa msumeno." Wakamuuliza kama, kwa maoni yake, mtu huyo alikuwa mtakatifu. Alisema mizani ya jambo hilo iko kwao, asingependa kuishika. Ombi lake ni moja: katika kumbukumbu zao waandike kwamba leo, kutoka kwake hadi uaskofuni, amekuja akitembea. Karani aliandika.

Ndugu mwamini, wapo wanaotumwa mbali kusaidia, na wapo wanaosaidia pale pale walipozaliwa, na Bruda Futi anaweza kuwa mwenzi wa wote. Atakayetaka kumwiga atafute karibu naye mtu mmoja asiyeweza kufika anakotaka, amuulize, amsikilize mpaka amalize, ndipo achukue kifaa. Na kazi ikishasimama, amkabidhi mwenyewe ufunguo.